Mdudu wa Denmark

Kalisti aliponzwa na furaha yake mwenyewe. Kontena la mbavu kutoka Denmark lilikuwa limefika kwenye ghala la baridi alikofanya kazi, Houston, na yeye alikuwa mmoja wa waliolipakua. Alipomaliza zamu hakusubiri hata afike nyumbani kwake Stafford. Alikaa garini, koti zito la ghalani likiwa bado mwilini, akafungua kundi la WhatsApp la wateja wa dada yake na kurekodi ujumbe wa sauti.

"Haloo wadau! Mdudu wa Denmark keshaingia Houston! Kontena zima, mdudu mpaka mlangoni! Nimembeba kwa mikono yangu hii, mnene, mweupe, anateleza kwa mafuta. Da Bertila, washa moto, wiki ijayo watu watajiramba!"

Ilikuwa Oktoba 2019. Bertila, dada yake, aliusikiliza ujumbe ule akiwa Irving, kwenye jiko la kukodi ambalo wapishi wa kila taifa walilitumia kwa zamu. Hapo ndipo alipowapikia Watanzania na Wakenya wa Dallas na miji ya jirani: kipaimara, send-off, mahafali ya wauguzi. Alicheka peke yake huku akikata vitunguu. Watanzania wengine nao wakamiminika kundini na vicheko vyao.

Hakuna Mtanzania aliyehitaji kuelezwa. Bongo, nyama ya nguruwe haitajwi ovyo kwa jina lake. Ukiwa na jirani Mwislamu, na nani hana, unasema kitimoto, au unasema mdudu, na kila mtu anaelewa, anayekula na asiyekula, na hakuna anayeudhika. Ilianza kama adabu, ikawa utani, na mwisho utani ukawa neno kama maneno mengine.

Nyaga hakuijua adabu hiyo. Alikuwa Mkenya, mzaliwa wa Embu, aliyeingizwa kundini juzi juzi tu na Jedidah, muuguzi aliyekuwa akijiandaa kwa sherehe ya kuhitimu. Kitimoto alishalizoea. Mdudu kwake alikuwa kiumbe mwenye miguu anayetambaa, au funza asiye na miguu, mnene, mweupe, anayeteleza. Na Jumapili iliyopita alikuwa amekula mbavu za Bertila, yeye na wanawe, mpaka wakagombania mifupa.

Tena Nyaga alikuwa mhasibu wa kampuni ile ile iliyoagiza mbavu hizo, yenye lile ghala la Houston. Asubuhi iliyofuata, kabla hajavua hata koti, alikwenda moja kwa moja kwa meneja, Bwana Hollis, akamsikilizisha ile sauti na kumtafsiria neno kwa neno. Hakuwa na ubaya wowote. Alikuwa mtu mwenye hofu aliyefanya alichofundishwa, yaani kutoa taarifa.

Mchana, kundini, wakamweleza. Walimcheka Nyaga mpaka wengine wakarekodi vicheko vyao na kumtumia. Naye alicheka, kwa aibu, kisha akarudi kwa Bwana Hollis mbio mbio kusema kwamba amekosea, kwamba kwa Watanzania neno lile maana yake ni nyama ya nguruwe, na hakuna funza wala nini.

"Asante, Nyaga," Bwana Hollis alimjibu bila kuinua macho. "Taarifa tumeshaipokea."

Mtu mwingine angedhani mambo yameishia hapo.

*

Sasa ni lazima isemwe kwa nini mtu mzima, mwenye akili zake na shahada zake ukutani, aliamua kutoelewa.

Method, mume wa Bertila, alifanya kazi ghorofa moja na Bwana Hollis, kwenye ofisi za kampuni zilizo karibu na uwanja wa ndege, Irving. Kazi yake ilikuwa kuitazama Ulaya. Hakuwahi kukanyaga huko isipokuwa kupita Amsterdam akibadilisha ndege, lakini kila Jumatatu aliandika taarifa kuhusu nguruwe wa Ulaya: wamechinjwa wangapi Ujerumani, Hispania imeongeza mabanda kiasi gani, Denmark inauza wapi, na Wazungu wenyewe wanakula kiasi gani siku hizi. Bwana Hollis alipenda kumtambulisha kwa wageni kama "mtu wetu wa Ulaya", na wageni walicheka, na Method naye alicheka, kwa sababu ilimpasa.

Tangu Machi alikuwa ameonya. Nguruwe wa China wanakufa kwa homa, aliandika. Wachina hawataacha kula, watakuja kununua Ulaya. Na kweli walikuja. Meli baada ya meli zikajazwa Hispania, Ujerumani na Denmark zikielekea mashariki. Mjerumani ambaye kwa miaka alikuwa anapunguza nyama mezani akajikuta anaila kidogo zaidi na kuilipia zaidi, kwani mnunuzi wa China alishasimama mlangoni mwa machinjio na pesa mkononi. Bei iliyoandikwa na Method wiki hii, wiki ijayo ilionekana ya zamani.

Kampuni ilifaidika sana na macho hayo. Lakini ilikuwa na mfupa kooni. Mwanzoni mwa mwaka, bei ikiwa bado imelala, ilikuwa imetia saini mikataba na wapishi wadogo na vibanda vya nyama choma kuanzia Fort Worth hadi Houston: mbavu za Denmark, bei ile ile, mpaka mwisho wa Desemba. Bertila alikuwa mmoja wao, na Method mwenyewe ndiye aliyemshauri asaini. Sasa kila sanduku lililotolewa kwa bei hiyo lilimchoma Bwana Hollis, maana alijua angeliuza kwa wengine kwa karibu mara mbili.

Mikataba ile ilikuwa na mlango mmoja tu wa kutokea. Mzigo ukiingiliwa na wadudu, kampuni inaruhusiwa kuufuta mkataba.

*

Bwana Hollis alimwita Method akamkaribisha kiti, jambo ambalo halikuwa la kawaida. Mezani kulikuwa na karatasi moja.

"Wewe ni mtu wa lugha hii," alisema. "Neno hili, *mdudu*. Kwenye kamusi maana yake ni nini?"

"Kwenye kamusi ni mdudu, kweli. Kiumbe mdogo. Lakini yule kijana alikuwa anasema..."

"Sikuulizi alikuwa anasema nini. Hilo hatuwezi kulijua, hatumo kichwani mwake. Nakuuliza neno."

"Bwana Hollis, yule ni shemeji yangu. Mimi nimo kichwani mwake. Alikuwa anaisifia nyama."

Bwana Hollis alitabasamu kama mtu anayemvumilia mtoto. Akasogeza karatasi. Ilikuwa tafsiri ya ujumbe wa Kalisti, na chini yake kiapo kwamba mtafsiri anaijua lugha na kwamba maneno yametafsiriwa kwa usahihi, kisha nafasi ya saini ya Method. Insect, insect, insect. Kila neno peke yake lilikuwa sahihi, na ukurasa mzima ulikuwa uongo.

"Wale mawakili wanaoshughulikia makaratasi yako," alisema Bwana Hollis akitazama dirishani, "waliniandikia juzi. Wanataka kujua kama kampuni bado inakuhitaji. Nimewaambia nitawajibu wiki hii."

Hakusema zaidi, na hakukuwa na haja. Kwa lugha ya Watanzania wa Texas, makaratasi ni kitu kimoja tu: ruhusa ya kuishi. Method alikuwa nchini kwa kibali cha kazi kilichofungwa kwenye jina la kampuni hiyo, na ombi la ukaazi lilikuwa limekaribia ukingoni. Kazi ikiisha, kibali kinakwisha, na yeye, mkewe na binti yao Queen wanafunga mizigo. Binti huyo alikuwa na miaka kumi na minne, na Tanzania aliijua kwa picha na kwa sauti ya bibi kwenye simu.

Method aliomba apewe mpaka kesho.

*

"Usisaini," alisema Bertila.

"Mama Queen, sikiliza kwanza."

"Nimesikiliza. Wanataka useme mdogo wangu ameona wadudu kwenye nyama na akanyamaza akacheka. Si ndiyo hivyo?"

"Wanataka maana ya neno. Kamusi yenyewe inasema."

"Kamusi ndiyo inayokula nyama?" Bertila alitupa kitambaa cha jikoni mezani. "Wewe umekula mdudu Moshi, umekula Sinza, umekula hapa hapa kwenye hii meza. Siku hata moja ulitafuta miguu yake?"

Method hakucheka. Alisema kwa sauti ya chini, maana Queen alikuwa chumbani, "Kalisti ana Green Card. Wakimtoa pale atapata ghala jingine, Houston imejaa maghala. Mimi wakinitoa, tunatoka wote. Mtoto anatoka. Unaniambia nifanye nini?"

Hilo ndilo lililokuwa baya kuliko yote, kwamba mume wake hakusema uongo. Wote wawili walikuwa wameletwa kwenye kona ambamo kila neno la kweli lilikuwa linamkaba mmoja wao.

"Na kama ni wadudu," Bertila aliuliza, "mimi nimekuwa nawalisha watu nini?"

"Hakuna atakayekuuliza wewe. Ni mambo ya kampuni na mikataba."

"Mkataba si ninao na mimi?"

"Utafutwa tu. Tutanunua nyama kwingine."

Method alisaini asubuhi. Bwana Hollis alimpa mkono na kumwambia kuwa ni mtu wa kutegemewa.

*

Kalisti aliitwa, akafukuzwa kazi mbele ya wenzake. Alipompigia dada yake alikuwa bado anahema.

"Da, wamepuliza dawa kwenye loka yangu. Dawa ya mende! Koti langu, viatu, kila kitu. Yule supavaiza kashika chupa anapuliza, wenzangu wanaangalia, wengine wanarekodi. Ananiambia nisiguse mtu nikitoka."

"Kalisti, mdogo wangu..."

"Nikawaambia, muulizeni shemeji, yuko ofisi kubwa huko Irving, atawaeleza mdudu ni nini. Wakanionyesha karatasi. Da Bertila, saini ni ya shemeji."

Bertila alitamani ardhi impasukie. Alisema tu, "Najua."

"Ulijua?"

Kalisti alikata simu, na kwa wiki nyingi hakuipokea tena simu yake.

Zile mbavu je? Zingeteketezwa, kampuni ilisema. Ikawaandikia wanunuzi wote waraka: mzigo wenye namba fulani umeingiliwa na wadudu, mikataba imefutwa, na yeyote aliyeshapokea masanduku ya mzigo huo ayatupe mara moja kwa ajili ya usalama wa wateja wake. Ili mtu asije akabisha, waliambatisha na tafsiri.

Queen ndiye aliyekuwa akimsaidia mama yake kusoma barua pepe za biashara. Aliusoma waraka ule amesimama jikoni, kisha akashuka hadi chini ya ukurasa wa mwisho.

"Mom," alisema, "why is Dad's name on this?"

*

Unaweza kudhani kiapo kikisaliti watu kitawasaliti wale tu waliokusudiwa. Kiapo cha Method kilisafiri kwa miguu yake chenyewe. Muuza nyama choma mmoja wa Fort Worth aliusambaza waraka mtandaoni kwa hasira, na kabla ya jioni ulikuwa umefika kwenye makundi ya Wakenya, ya Watanzania, ya wanakwaya, ya wauguzi. Watu waliokuwa wakijua vizuri kabisa maana ya mdudu sasa walianza kujiuliza. Si imesainiwa na mume wake mwenyewe? Mume anaweza kumwapia mkewe uongo?

Jedidah alipiga simu, akiongea kwa upole uliokuwa mbaya kuliko matusi.

"Bertila dear, mimi mwenyewe nakuamini, walai. Lakini nita-invite watu wa hospitali, madaktari na wote. Mtu mmoja akiwa mgonjwa, it's on me. Si unaelewa? Nimepata mtu mwingine wa ku-cater. Please usinikasirikie."

"Sijakasirika."

"Na pia, pole kuuliza. Ile ya baby shower ya dada yangu mwezi wa nane, pia ilikuwa hiyo hiyo?"

Mkaguzi wa afya alikuja, akafungua kila friji, akapiga picha, hakuona kitu, akaondoka akiwa mstaarabu. Mwenye jiko hakujali alichoona mkaguzi. Alibadilisha namba za mlango. Bertila alifika na mifuko ya vyakula mkononi, akabonyeza namba zilizozoeleka, taa nyekundu ikawaka. Akabonyeza tena. Ndani, mpishi Mvietnamu aliyekuwa akishirikiana naye sufuria na chumvi alimwona kupitia kioo, akatazama pembeni. Bertila alisimama pale mpaka barafu iliyokuwa kwenye mfuko ikaanza kudondosha maji juu ya viatu vyake.

Mwanamke aliyekuwa akisugua jiko lile kila Jumatatu mpaka chini ya majiko, ambako hakuna anayeangalia! Mwanamke aliyekuwa akitupa nyama nzuri kwa sababu tu imekaa nje kidogo! Ndiye leo anafungiwa mlango kama mchafu, na waliomchafua wameketi ghorofani wanakunywa kahawa.

Alimwambia mume wake jambo moja tu jioni ile. "Ulisema hakuna atakayeniuliza."

*

Method alirudi kwa Bwana Hollis. Alikuwa ameandika kwa mkono wake maelezo mafupi kwamba tafsiri ilikuwa ya neno tu, si ya maana, na kwamba anaomba iondolewe.

Bwana Hollis aliyasoma taratibu akayarudisha.

"Uliapa," alisema. "Ukija leo ukasema si kweli, maana yake uliapa uongo. Mimi si mwanasheria. Lakini sidhani kama wanaosoma makaratasi yako wanapenda mtu anayeapa uongo."

"Wewe ndiye uliyeniambia nisaini."

"Nilikuuliza maana ya neno, ukanipa. Kuna kosa gani hapo?" Kisha, kwa sauti ya huruma, "Nenda kapumzike. Taarifa yako ya Jumatatu ilikuwa nzuri sana. Umesema bei itapanda tena mpaka Krismasi?"

"Ndiyo."

"Safi."

Wakati huo Bertila hakuwa amekaa. Wanunuzi wengine walikuwa wamepata wakili, mama mmoja mwenye ofisi Richardson, naye Bertila akaenda kwake. Wakili alimsikiliza, akamwambia ukweli bila kuupamba. Kampuni inasema mzigo umeteketezwa. Kampuni ina mtaalamu wa lugha aliyeapa. Sisi tunacho nini?

"Tunao watu wanaojua neno," alisema Bertila.

"Niletee mmoja asiye na maslahi."

Bertila alimfikiria mtu mmoja tu. Twalibu alikaa ghorofa ya chini yao, mtu wa Tanga, mfanyakazi wa uwanja wa ndege, Mwislamu anayefunga na kufungulia bila kukosa. Alipoelezwa, alipapasa ndevu zake.

"Kwa hiyo, shemeji, unataka mimi nikaape kuhusu mdudu?"

"Kama hutaki nitaelewa, kaka Twalibu."

"Mimi hata harufu yake siitaki, unajua. Lakini neno lenyewe nalijua kuliko Nyaga wenu." Aliguna kicheko kisha akakaza uso. "Miaka yote mnasema mdudu, mdudu, mkipita mlangoni kwangu. Mnadhani sijui? Najua. Mlikuwa mnanistahi. Leo hiyo heshima mliyonipa mimi wameigeuza wameitumia kufunga jiko lako. Nitakwenda. Nitakwenda na kanzu yangu."

Na alikwenda kweli. Wakili aliyaandika maelezo yake yote, akashukuru, akasema yanasaidia. Lakini alisema pia kwamba mbele ya kiapo cha mtu wa ndani, ambaye juu ya hayo ni mume wa mlalamikaji, neno la jirani ni jepesi.

*

Siku chache kabla ya Krismasi, kampuni iliwaandalia wafanyakazi wake tafrija ndogo ofisini. Bwana Hollis alivaa sweta lenye kulungu kifuani. Alitoa hotuba kuhusu mwaka wa mafanikio ambao haujapata kutokea, akamtaja Method kwa jina, watu wakapiga makofi. Kisha kila mfanyakazi akapewa zawadi ya kupeleka nyumbani: sanduku la mbavu zilizogandishwa.

Method alikuwa ameshaliweka lake kwenye buti la gari pale Nyaga alipomfuata akikimbia kwenye maegesho, sanduku lake limekumbatiwa kifuani.

"Bro, umeangalia hii?"

"Nini?"

"Angalia label. Angalia namba. Mimi ndiye nili-process invoice ya hiyo container, hiyo namba naijua hata usingizini." Nyaga aligonga lebo kwa kidole. "Walisema wamechoma. Bro, hawajachoma. Wame-sell. Hizi ni zile zilibaki."

Method aliufungua tena mlango wa buti. Denmark, namba ile ile ya kwenye waraka. Nyama ambayo ilikuwa na wadudu mikononi mwa Bertila ilikuwa imepona mikononi mwa Bwana Hollis, ikauzwa kwa bei ya Desemba, na makombo yake yakafungwa utepe mwekundu kwa ajili ya watoto wa wafanyakazi. Na hawakujali hata kubandua karatasi. Ndivyo walivyowaona: watu ambao wakishapewa nyama ya bure hawatasoma kilichoandikwa.

"Mimi ni citizen," alisema Nyaga. "Hawawezi kunifanya kitu. Nipeleke yangu kwa lawyer? Mimi ndio nilianzisha hii maneno yote."

"Wewe hukusaini," alisema Method.

Alipofika nyumbani aliliweka sanduku mezani mbele ya mkewe, akamwonyesha namba kwa kidole. Bertila alisoma, akasoma tena. Hakupiga kelele. Alivuta kiti akakaa, akaanza kulia machozi ya hasira, yale yanayotoka mtu akiwa amekaza meno.

"Nipe funguo za gari," alisema. "Nalipeleka Richardson sasa hivi, kabla wakili hajafunga ofisi."

"Sanduku litasema nyama ilikuwa nzima," alisema Method. "Halitasema mimi nilijua. Watasema bado kiapo kipo, mtafsiri alikosea, bahati mbaya, poleni. Hilo lingine ni la kusema mimi."

Bertila alimtazama. "Wakikutoa kazini?"

"Watanitoa."

"Na makaratasi?"

Method aligeuka. Queen alikuwa amesimama kwenye korido anasikiliza.

"Are we going back?" Queen aliuliza.

"Sijui, mwanangu," alisema baba yake. "Vaa koti."

Walimpitia Twalibu, kwa sababu Bertila alisema hawezi kuingia mle bila shahidi wake. Ofisini, wakili alilipiga picha sanduku pande zote, kisha akawasha kinasa sauti, akamwapisha Method na kumuuliza maswali kwa utaratibu. Jina lake. Kazi yake. Kama saini ni yake. Kama alilazimishwa. Alijibu yote bila kubabaika, hata lile la makaratasi.

"Umesema kwenye ujumbe ule neno *mdudu* halikumaanisha insect," alisema wakili. "Basi kwa Kiswahili, jina kamili la kitu hicho ni lipi? Litamke vizuri, tuliandike."

Method alifungua mdomo akasita. Twalibu alikuwa ameketi kando yake, goti kwa goti, katika kanzu yake nyeupe. Miaka yote ya ujirani wao, si yeye wala Bertila aliyewahi kulitamka jina lile mbele yake.

"Litaje, bwana," Twalibu alisema kwa upole. "Leo litaje."

"Nguruwe," alisema Method. "Mdudu ni nguruwe. Na nilikuwa najua hivyo siku niliyosaini."